Kwenda Kuona Dagaa Mwezi Ukiwa Mkubwa

Niliondoka Kibondo kwa sababu moja: mtoto wa kaka yangu alikuwa anatafuta mke, na baba wa binti alikuwa hajasema ndiyo wala hapana. Wenzangu husafiri kwenda kuona tembo na twiga. Mimi nilifunga safari kwenda kuangalia uso wa mzee mmoja.

Kijana wetu anaitwa Elia. Amekulia Kasulu kwenye mashamba ya maharage kama sisi wote, ila akili yake iliteremka mapema kwenda ziwani. Akaenda Kigoma mjini, akafanya kibarua kwenye maboti, akajifunza maji, na sasa anaongoza watu. Anawapakia asubuhi kwenye boti, anawapeleka kijiji cha wavuvi kinachoitwa Kansenga, wanaona dagaa wanavyopokelewa na kuanikwa, wanakula samaki, mchana anawarudisha. Ni safari ya nusu siku. Mwanzoni wateja wake walikuwa wazungu, lakini siku hizi hata watu wa kwetu milimani wanajichanga wanakwenda kupigwa na upepo wa ziwa na kupiga picha.

Binti anaitwa Goreti, anasomea uuguzi Kabanga, na ukiniuliza mimi, yeye ndiye aliyemchagua Elia kabla Elia hajajua kinachoendelea. Hapo hapakuwa na tatizo. Tatizo lilikuwa baba yake, Mzee Simeo wa Munanila, mkulima wa kahawa na migomba, ambaye anaamini kwamba kazi ni kitu chenye mpini. Alipoambiwa mchumba wa bintiye anatembeza watu majini, akasema hayo ni matembezi, na mtu halishi mke kwa matembezi. Alipobembelezwa sana akalegeza kidogo: atakuja aione hiyo kazi kwa macho yake, akishaiona ndipo atajibu.

Wazazi wetu walitoka Burundi wakiwa wakimbizi. Sisi tumezaliwa huku, uraia tunao, kura tunapiga, lakini katika mambo ya posa hatujaacha hata moja la kule. Kijana anayeposa hambishii baba wa binti. Mzee akisema chai ina chumvi, kijana anakunywa na kusema kweli, imezidi kidogo. Na shangazi lazima awepo, maana ndiye anayejua kusoma kimya cha wazee. Kaka yangu mguu unamsumbua siku hizi, kwa hiyo nilitumwa peke yangu, mimi Skolastika, muuza maharage wa soko la Kibondo. Nilimpigia Elia simu nikamkumbusha: "Mzee akisema ndiyo, wewe sema ndiyo mara mbili."

Kibondo nilitoka mchana, kwenye kabini ya Fuso lililobeba maharage ya mwenzangu mmoja wa sokoni. Sipendi kusafiri na mizigo ya watu wengine, lakini kabini ya Fuso ina raha yake: unakaa juu, unaona mbali, na dereva akiwa mcheshi safari inakuwa fupi. Wangu alikuwa mcheshi kupita kiasi. Kila mlima alikuwa na kisa chake, na kila kisa kilikuwa na mwanamke. Lami imerahisisha mambo sana. Zamani ungefika Kasulu mwekundu kuanzia nywele hadi kucha. Tulipita matanuri ya matofali yakifuka moshi, mihogo imeanikwa juu ya mawe kando ya barabara, na vilima vilivyochomwa kusubiri mvua za kwanza. Jioni nikashuka Kasulu kwa kaka, nikala ugali na maharage, tena yangu mwenyewe niliyowaletea, nikalala.

Kasulu asubuhi tuliondoka kabla jua halijachomoza, kwa gari dogo la kukodi. Nilipewa kiti cha mbele kwa heshima ya ushangazi. Nyuma walikaa walimu wanne wa kike wa shule moja ya msingi, wateja wa Elia waliolipa wenyewe, na mkubwa wao alikuwa Mwalimu Jeni. Mwalimu Jeni ni mtu wa kuuliza. Kabla hatujatoka mjini alikuwa ameshauliza dereva ana leseni ya lini, boti lina injini ngapi, na dagaa wanaanikwa saa ngapi. Alikuwa amebeba ndoo mbili zenye mifuniko za kujazia dagaa. Wenzake walikuwa na ndoo moja moja.

Mwandiga, pale barabara ya Manyovu inapoachana na ya kwetu, tulimkuta Mzee Simeo akisubiri. Alikuwa ametangulia kufika kwa gari la alfajiri. Koti la suti, kofia, mwavuli, viatu vya ngozi vilivyopakwa rangi, na kwapani amebana gunia jipya lililokunjwa vizuri.

"Bwakeye, mama," akanisalimu kwa lugha ya nyumbani.

"Bwakeye, mzee wangu. Na gunia je?"

"La dagaa. Mke wangu amesema nisirudi mikono mitupu."

Nikatabasamu. Mtu anayebeba gunia jipya ana nia njema, nikajiambia, na nikapiga hesabu zangu za ushangazi: akila vizuri, akipata dagaa wazuri, akirudi mapema, binti ni wetu.

Ziwani tulifika jua likiwa limeshapanda. Niseme ukweli: nimezaliwa mkoa huu, nimelipia dagaa wa ziwa hili miaka yote, lakini kila ninapoliona nasimama kwanza. Ni kubwa mno. Ng'ambo kuna milima ya Kongo, myembamba, rangi ya moshi, na kati yenu hakuna kitu isipokuwa maji. Walimu waliacha kuzungumza wote kwa pamoja, hata Mwalimu Jeni.

Elia alitupokea ufukweni akiwa amekunja suruali hadi magotini. Shati limepigwa pasi, kichwa kimenyolewa. Akamwamkia Mzee Simeo kwa mikono miwili, akiwa ameinama mpaka nikaona huruma. Kisha akatugawia maboya ya kuvaa, yale ya rangi ya machungwa yanayofungwa kifuani. Sisi wanawake tukavaa tukachekana. Mzee alilitazama lake kama mtu aliyepewa nguo ya mtoto.

"Mimi siendi kuogelea," akasema.

"Sawa, mzee wangu," Elia akajibu, akaliweka taratibu kwenye benchi la boti, mahali pa mzee.

Nikamwangalia kijana wangu nikaridhika. Adabu ilikuwa imekaa mahali pake.

Boti lilikuwa la mbao, refu, lina kivuli cha turubai na injini moja nyuma. Aliyeshika injini ni nahodha Rashidi, mtu wa pale pale ziwani, mfupi, mwenye mkono mnene na maneno machache. Tuliondoka kuelekea kaskazini tukifuata ufuko. Maji yalikuwa yametulia, unaona mawe chini. Milima inashuka moja kwa moja mpaka majini, na kwenye kila kijibonde kuna nyumba chache na michikichi. Walimu waliimba. Mzee Simeo alishika mwavuli wake kwa mikono miwili na kutazama mbele kama abiria wa ndege.

Nikasogea nyuma kwa nahodha, maana harufu ya mafuta ya injini hainisumbui na nilitaka kujua kijana wetu anafanyaje kazi. Rashidi akaniinamia.

"Mama, hii tarehe nani amewachagulia?"

"Kwa nini?"

"Mnakwenda kuona dagaa. Wakati huu hakuna dagaa."

Nilidhani anatania. Akanieleza polepole kama unavyomweleza mgeni. Dagaa wa ziwa hili huvuliwa usiku kwa taa. Wavuvi wanawasha taa juu ya maji meusi, dagaa wanaufuata mwanga, wavu unawatoa. Sasa mwezi ukiwa mkubwa, ziwa lote limeangazwa. Dagaa hawana haja ya kuifuata taa ya mtu. Kwa hiyo kila mwezi, mbalamwezi ikikolea, mitumbwi inapandishwa nchi kavu na watu wanapumzika mpaka giza lirudi. Hata mtoto wa hapa anajua. Na mwezi ulikuwa mkubwa usiku wa jana. Nilikuwa nimeuona mwenyewe kwa kaka Kasulu, nikausifu.

Nilimwendea Elia mbele ya boti, nikamvuta mkono.

"Ulijua kwamba hakuna dagaa?"

Akatazama maji. "Nilijua, Masenge." Ndivyo tunavyomwita shangazi.

"Sasa mbona umetuleta?"

"Mzee alichagua mwenyewe. Alinipigia akasema atakuja mwezi ukiwa mkubwa, ili akichelewa kurudi Munanila atembee na mwanga. Ningemwambiaje? Nimwambie amekosea?"

Nilitaka kumzaba kibao, halafu nikakumbuka simu yangu. Ndiyo mara mbili. Nikarudi kukaa kwenye benchi langu, na kuanzia hapo sikuyaona tena yale mawe mazuri chini ya maji. Kwetu milimani mwezi mkubwa ni wakati mzuri wa safari, kila mtu anapanga hivyo, harusi, misiba, kwenda kwa wakwe. Mzee alipanga kama mtu yeyote wa Munanila angepanga. Na sasa alikuwa anapelekwa na gunia lake jipya mahali ambapo gunia halina kazi.

Kansenga ni kijiji kizuri sana, na nasema hivyo ingawa siku ile nilishuka na mawazo mengine. Nyumba zimepangana mguu wa mlima, ufuko ni wa changarawe, na juu ya changarawe kuna vichanja vya nyavu vya kuanikia, vimepangwa safu kwa safu. Vyote vilikuwa vitupu. Kuku walikuwa wanatembea juu yake. Mitumbwi imepinduliwa tumbo juu, taa zimetundikwa ukutani mwa kibanda, na wanaume wazima wamekaa vivulini wakishona nyavu na kubishana mpira.

Mwalimu Jeni alishusha ndoo zake. "Kaka Elia, dagaa wako wapi?"

Wote tukamtazama Elia. Mzee Simeo naye akamtazama, kofia mkononi.

"Wakati huu hawavui, mwalimu," Elia akasema. "Mwezi ni mkubwa. Nimekosea kupanga tarehe. Kosa ni langu, naombeni radhi."

Hapo ndipo alipotokea mwenyeji wetu, Mama Mwajuma, anayewapikia wageni wote wa Elia. Ni mama mpana, mwenye sauti ya kuita mtumbwi ulio katikati ya ziwa, na roho safi isiyojua kunyamaza.

"Kosa lako liko wapi?" akasema. "Si nilikwambia kwenye simu kwamba huku tumepandisha mitumbwi? Ukanijibu utafanyaje, tarehe kachagua mzee! Haya, mzee mwenyewe ndiye huyu? Karibu baba, karibu sana, kaa hapa penye kivuli."

Kama ningekuwa na uwezo ningejizika kwenye changarawe. Mzee Simeo alivaa kofia yake, akatazama vichanja, akatazama kuku, akamtazama Elia kwa muda ambao kwangu ulikuwa mrefu kuliko barabara ya Kibondo. Halafu akaenda zake ufukweni peke yake, mwavuli chini ya kwapa, gunia chini ya kwapa la pili.

Nimesema kazi ya shangazi ni kusoma kimya cha wazee. Kile sikuweza kukisoma.

Lakini tulikuwa tumeshafika, na Mama Mwajuma hakuwa mtu wa kuacha wageni wanune. Alituambia tumebahatika. Giza likiwepo, akasema, hapa ni kelele na magamba tu, wanaume wanalala mchana kama popo, huwezi kupata mtu wa kukuelekeza hata choo. Mwezi ukiwa mkubwa ndipo kijiji kinaishi. Watu wanaezeka nyumba, wanaamua ugomvi, wanaoana. Siku ile ile kulikuwa na ndoa, na mapishi yalikuwa yameanza nyuma ya nyumba ya tatu. Walimu walipewa visu wakaanza kumenya ndizi na watu wasiowajua, wakicheka. Mwalimu Jeni alijifunza kushona wavu kwa mvuvi mmoja mwenye jino la dhahabu, akamuuliza maswali mpaka yule baba akaanza kumwita mkaguzi.

Mimi nilikuwa na jicho moja kwa Mzee Simeo. Alikuwa amesimama mahali ambapo mafundi wawili walikuwa wanatengeneza mtumbwi. Mmoja anachonga ubao kwa tezo, mwingine anaziba nyufa kwa pamba iliyolowekwa mawese, anaishindilia kwa patasi, taratibu, ufa baada ya ufa. Mzee akauliza kitu. Wakamjibu. Akauliza tena. Baadaye nikaona koti limetundikwa kwenye mwavuli uliochomekwa kwenye changarawe, na mzee ameshika tezo. Alikuwa na mkono wa fundi, lazima nikiri. Vibanzi vilikuwa vinatoka vyembamba na virefu, na mafundi wakaacha kazi kumtazama.

Mchana tulikula kwa Mama Mwajuma. Ugali wa muhogo, migebuka iliyokaushwa ikapikwa kwa mawese na nyanya, pilipili pembeni. Nimekula samaki wengi lakini ile ilinifanya nilambe vidole mbele za watu. Mzee alikula vizuri, akamsifu mpishi, akawauliza walimu habari za shule. Ila kwa Elia hakugeuka hata mara moja. Kijana alikuwa anahudumia maji ya kunawa huku macho yako chini. Nikamwonea huruma.

Baada ya chakula upepo uliingia. Ulianza kwa kupeperusha majivu ya jiko, halafu michikichi ikaanza kuinama, halafu nikatazama ziwa na halikuwa lile la asubuhi. Lilikuwa limejaa povu jeupe, mawimbi yanakuja kutoka kusini, yaani kule kule tulikotakiwa kwenda, na yanapiga changarawe kwa kishindo. Nahodha Rashidi alivuta boti juu zaidi, akaja kusimama karibu na Elia.

Mzee Simeo alitazama saa yake. Akavaa koti.

"Haya, twende," akasema. "Gari za Manyovu zitaniacha."

Walimu wakatazamana.

"Nasema twende. Mliniambia nusu siku. Nusu siku imekwisha."

Kimya cha watu wa pwani ile kilikuwa cha adabu. Mama Mwajuma akajitia kuosha sufuria. Mimi nilimtazama Elia, na nikaona midomo yake inajiandaa kwa neno nililomfundisha. Nikajua kabisa kwamba akilisema, tutapanda sote, maana hakuna mmoja wetu ambaye angembishia mzee mbele ya watu. Na nikaona lile boya limelala kwenye benchi la boti, halijavaliwa.

"Hapana, baba," Elia akasema.

Moyo wangu ulianguka mpaka kwenye kandambili.

"Umesemaje?"

"Hatuendi. Upepo huu hautulii mpaka jioni. Tutasubiri."

"Nahodha wako amenyamaza. Yeye ndiye mtu wa maji. Wewe ni mtoto wa Kasulu."

"Nahodha ananisubiri mimi. Watu hawa ni wangu."

Rashidi akatikisa kichwa kukubali, mara moja tu.

Mzee Simeo akapiga hatua mbele. Hakupaza sauti, wazee wa kwetu wakikasirika kweli wanashusha. "Kijana, unajua unaongea na nani?"

"Najua, mzee wangu," Elia akasema. "Ndiyo maana siwezi kukupakia."

Akainamisha kichwa, akageuka, akaenda kukaa juu ya boti lenyewe, kama mtu anayelinda mlango. Mzee naye akageuka upande wake, akakaa kwenye mtumbwi uliopinduliwa, ametupa mgongo. Mimi nikabaki katikati na vyombo. Basi, nikasema moyoni, Goreti amekwenda. Nikaanza kutunga maneno ya kumwambia kaka yangu, na kila niliyoyatunga yalikuwa mabaya.

Tulisubiri. Ndoa ilianza, na kwa kuwa tulikuwepo tukahesabiwa wageni. Ngoma zikapigwa, bwana harusi akapita amevaa kanzu mpya na miwani ya jua, walimu wakacheza mpaka khanga zikadondoka. Nikavutwa nami nikacheza kidogo, bila furaha sana, lakini kiuno hakijui matatizo. Elia hakushuka kwenye boti. Mama Mwajuma alimpelekea sahani ya pilau kule kule.

Nilimwona Mzee Simeo akisogea kwa Rashidi. Walisimama wakitazama maji muda mrefu. Rashidi alikuwa anaonyesha kwa kidole kule mawimbi yanapokatikia, kwenye rasi moja yenye mawe, na mkono wake ukafanya ishara ya kitu kinachopinduka. Mzee akavua kofia, akaikung'uta, akaivaa tena.

Jioni upepo ulikata, kama Elia alivyosema. Ziwa likalala. Elia akashuka, akaanza kutupanga mmoja mmoja, walimu kwanza, ndoo tupu katikati. Alipofika kwa Mzee Simeo alichukua boya bila kuomba ruhusa, akampitisha mikono, akamfunga kamba kifuani juu ya koti la suti, akazivuta kuhakikisha. Mzee alisimama wima kama anayepimwa nguo na fundi. Mama Mwajuma alikuja mbio akamtia ndani ya gunia migebuka mikavu iliyofungwa kwa majani. "Mwambie mama dagaa atapata giza likirudi," akasema.

Tulipopita ile rasi niliona mbao za mtumbwi wa zamani zimekwama kwenye mawe. Asubuhi tulizipita tukiimba, sikuziona.

Nchi kavu gari letu lilikuwa linasubiri. Safari hii Elia alipanda nasi hadi Mwandiga, maana adabu inataka umsindikize mzee hadi anapopandia gari. Njiani niliwaza niliyojifunza, kwa kuwa mtu akirudi Kibondo lazima aulizwe ameleta nini, na mimi sikuwa na dagaa. Nimejifunza kwamba ziwa lina kalenda yake na sisi wa milimani hatumo. Nimejifunza kwamba migebuka ya Mama Mwajuma inafaa kufuatwa hata kwa miguu. Na nimejifunza kwamba nilimpa kijana ushauri wa jikoni akiwa anakwenda majini. Hilo la mwisho liliniuma zaidi, kwa sababu alipouacha ushauri wangu aliokoa watu, na sasa ndiye angelipa.

Mwandiga tulikuta gari moja la Manyovu bado linaita abiria. Mwezi ulikuwa umeshatoka juu ya vilima, mkubwa, unaonyesha kila jiwe la barabara. Mzee Simeo alishuka na mwavuli wake na gunia lake. Nilishuka pia, nikapiga magoti kidogo kumuaga, nikiwa nimejiandaa kwa lolote. Elia alisimama nyuma yangu, mikono imeshikana mbele.

"Mama," mzee akaniambia, "mwambie kaka yako nimeiona kazi."

"Nitamwambia, mzee wangu."

"Sikuiona asubuhi. Asubuhi niliona mtu anayeitikia. Watu wa kuitikia ninao wengi nyumbani." Akamgeukia Elia. "Mchana ule, ungeniambia ndiyo, ningepanda. Na walimu wangepanda kwa ajili yangu."

"Ndiyo, mzee wangu," Elia akasema, halafu akajishika mdomo.

Kondakta alikuwa anampigia mzee kelele apande. Mzee akaweka mguu mmoja ndani ya gari, akageuka.

"Siku ya kuleta mahari Munanila, tarehe panga wewe," akasema. "Mimi niambie tu."

Mlango ukafungwa, gari likaondoka. Nikapiga vigelegele pale pale kwenye lami, walimu wakashuka wakipiga vyao bila hata kuuliza kuna nini, na Elia wangu, aliyesimama mbele ya mawimbi mchana kutwa, akakaa chini kando ya barabara akalia.